Paltieli Alirudi Nyumbani

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa. Wiki hii nimekwama kwenye mstari mmoja tu, 2 Samweli 3:16.

Mnaikumbuka habari yenyewe. Mikali, binti wa mfalme Sauli, alikuwa mke wa Daudi. Daudi alipokimbia, Sauli akamwoza binti yake huyo kwa Paltieli mwana wa Laishi. Baadaye Daudi, katika mapatano yake na Abneri, jemadari wa jeshi la Sauli, akataka mkewe arudishwe. Mikali akachukuliwa. Paltieli akamfuata nyuma, anatembea huku analia, mpaka kijiji cha Bahurimu. Hapo Abneri akamwambia rudi, akarudi. Hatusikii habari zake tena.

Sura hii nimeihubiriwa mara nyingi, na kila mara ni Daudi na ufalme wake. Mimi namwaza huyu baba anapofika kwake jioni. Mlango ule ule, na mtungi bado una maji aliyoteka Mikali.

Uchumba wangu ulivunjika posa ikiwa imeshapokelewa. Siku yenyewe sikulia. Nililia wiki kadhaa baadaye, jikoni, nilipojikuta nimepima vikombe viwili vya mchele kama Jumapili zile alipokuwa anakuja kula kwetu. Nikakirudisha cha pili kwenye ndoo, kamasi zinanitoka. Wapendwa walikuwa wameshaniambia nisahau, Mungu ana mwingine. Walinitakia mema, ila jamani, msiwe na haraka hivyo. Maandiko hayamkemei Paltieli kwa kulia njia nzima. Zaburi 56:8 Daudi huyo huyo anamwomba Mungu ayatie machozi yake katika chupa. Kuyafuta atayafuta, Ufunuo 21 imesema, lakini kwanza anayahifadhi.

Hata hivyo Bahurimu ipo. Yangu ilikuwa simu: kila usiku baada ya sala naingia WhatsApp kutazama kama ameweka picha mpya, na nani kasimama pembeni yake. Hiyo nayo ni kufuata nyuma huku unalia. Abneri hakuwa mtu wa maneno laini, na wangu alikuwa mdogo wangu tunayelala naye chumba kimoja. Usiku mmoja alininyang'anya simu, akaiweka chini ya mto wake, akasema, "Dada, lala."

Nikalala. Mchele siku hizi napima kikombe kimoja. Jumapili nyingine mkono bado unachota cha pili.