Niliyeitika ni Mimi

Jana nimemwita Baraka aje kula. Mara tatu, nimesimama palepale jikoni na mwiko mkononi. Simu yangu ikalia: "Nakuja mama, usipige kelele." Yuko chumba cha pili! Nikamkumbuka yule mzee wa Iowa, kule Marekani.

Ulikuwa mwaka wetu wa kwanza Des Moines, Agosti, kwenye maonyesho ya jimbo. Chukua Nanenane, kisha ongeza ng'ombe aliyefinyangwa kwa siagi. (Ndiyo, siagi. Baba Baraka alimpiga picha nyingi kuliko alizowahi kunipiga mimi.) Katika kutafuta kivuli tukaangukia mashindano ya kuita nguruwe. Jirani kwenye benchi akanielewesha: zamani nguruwe waliachwa wajitafutie mashambani na vichakani, jioni mwenyewe anapaza sauti, wanarudi kula. Siku hizi wako ndani ya mabanda marefu, chakula kinawafuata kwa mashine. Iowa ina nguruwe zaidi ya milioni 20, watu milioni 3 na ushee, na hakuna nguruwe anayehitaji kuitwa.

Wa kwanza walichekesha tu. Kisha akapanda mzee wa ovaroli. Akaweka kofia chini, akafumba macho, akazungushia viganja mdomo. Alianzia chini kabisa, kooni, suuu, sauti ikapanda, ikapanda, ikakatika huko juu, iiii, halafu ikabaki inaning'inia. Mama aliita hivyohivyo kule Njombe, toka upande wetu wa bonde hadi ng'ambo tulikochunga. Jina halifiki, kinachofika ni mkia wake. Na ole wako uchelewe kuitika.

Mzee akanyamaza. Akatega sikio, haki ya Mungu, kama vile wako njiani wanakuja.

"Abeee!"

Ni mimi. Nimeshasimama. Safu nzima imegeuka, na Baba Baraka ameinama anafunga kamba za viatu, naye kavaa kandambili.

Mpaka leo hunitania: nguruwe milioni 20, aliyeitika ni mke wangu. Nacheka naye. Sijawahi kumwambia kwamba Mama alikuwa hajatimiza mwaka kaburini.

Mzee hakushinda. Akiwa anashuka alitazama upande wetu, akainua kofia. Pengine alikuwa anaivaa tu.

Baraka alipotokea, wali ulishapoa. Nikamuuliza, mtu akiitwa anasemaje?

"Si nimekutumia meseji, mama."