Nilivyoibana ofisi ya umma itoe uamuzi kupitia Mahakama Kuu

Ombi lililokwama ofisini halijakubaliwa wala halijakataliwa, na hapo ndipo wengi wanapokata tamaa. Wanadhani bila uamuzi hakuna cha kupeleka mahakamani. Kipo. Kukaa kimya kwenyewe kunalalamikiwa, na Mahakama Kuu ya Tanzania ina mamlaka, chini ya Sura ya 310 ya sheria za nchi, ya kumlazimisha mtumishi wa umma atimize wajibu wake. Mawakili huiita amri hiyo mandamus.

Niliposhughulikia ombi la hati ya ardhi lililokwama hivyo, kazi kubwa ilikuwa barua ya madai. Katika shauri la John Mwombeki Byombalirwa la mwaka 1986, mahakama iliweka masharti matano. La kwanza: mwombaji awe amedai wajibu utekelezwe, na mhusika akakataa. Kwa hiyo barua ndiyo inayougeuza ukimya kuwa kukataa. Niliweka tarehe ya ombi, namba ya kumbukumbu, namba ya stakabadhi ya malipo, kifungu kinachoilazimisha ofisi kushughulikia ombi, na siku ya mwisho ya kujibu. Nakala moja ilibaki masjala, nyingine ikarudi na saini na muhuri wa kupokelewa. Angalia muhuri kabla hujaondoka dirishani: tarehe isiposomeka, omba ugongwe tena palepale. Wakikataa kupokea, tuma kwa rejista ya posta na utunze risiti.

Sharti linaloangusha watu ni lile la kwamba wajibu uwe wa lazima, usiwe wa hiari. Afisa anaweza kuwa na hiari ya kukubali au kukataa, lakini hana hiari ya kutoamua kabisa. Ndiyo maana niliomba mahakama imwamuru aamue ombi, sikuomba imwamuru atoe hati. Ukiomba hati moja kwa moja, Wakili wa Serikali atasema unaitaka mahakama ifanye kazi ya ofisi, na atakuwa sahihi. Na kama sheria husika inatoa rufaa kwa mamlaka ya juu, pitia huko kwanza.

Unaanza na maombi ya kibali, yaani ruhusa ya mahakama ya kufungua maombi yenyewe: hati ya wito (chamber summons), taarifa yenye nafuu, yaani amri unazoomba, na sababu zake, pamoja na kiapo cha maandishi. Ukomo wa kuyafungua ni miezi 6. Usijifariji kwamba barua za kukumbushia zinasimamisha saa. Mimi hufungua mapema, kabla mtu hajapata nafasi ya kubishania siku ya kuanzia kuhesabu. Kiapo kibebe mambo unayoyajua tu. Ukichanganya hoja za sheria, aya hizo zinafutwa. Sehemu ya mwisho, anaposaini kamishna wa viapo, ionyeshe mahali na tarehe ulipoapa.

Kibali kikitoka, una siku 14 tu kuwasilisha maombi yenyewe, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe. Siku hizo huliwa na kusubiri nakala ya uamuzi, hivyo nyaraka za hatua ya pili niliziandaa mapema, nikaacha nafasi ya tarehe ya kibali.

Katika nafuu, omba amri itaje idadi ya siku. Amri isiyo na muda inairudisha ofisi kwenye usingizi uleule. Ikitoka, mpelekee mhusika nakala iliyothibitishwa, naye asaini kuipokea. Akiipuuza, saini hiyo ndiyo msingi wa maombi ya kumwadhibu kwa kudharau mahakama.