Mchango wa manowari

Jamani, hapa Sweden kuna bibi jirani yangu, mtu wa mzaha sana. Juzi kanitolea stakabadhi iliyokunjwa hadi imepauka: nyanya yake alitoa krona mbili, mwaka 1912, kuchangia manowari. Nikasema hawa nao wana harambee!

Kisa chenyewe kitamu. Mwaka 1911 Waziri Mkuu Karl Staaff alisimamisha ujenzi wa manowari mpya, fedha akataka ziende kwenye mambo mengine. Januari 1912 Manfred Björkquist, kijana msomi wa dini, akaanzisha mchango wa raia. Zilihitajika krona milioni 12. Ndani ya miezi michache tu zikavuka milioni 15, na serikali ile ile iliyokataa meli ikapokea pesa. Ingefanyaje? Mimi naona ilikuwa siasa zaidi ya ulinzi: ukishachangisha hivyo, umemfunga mwenye nchi mdomo.

Meli ikapewa jina la nchi, Sverige. Ilishushwa majini Göteborg mwaka 1915, ikakabidhiwa 1917, na mizinga mikubwa minne ya milimita 283. Vita vyenyewe, yaani Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, Sweden haikuingia.

Februari 1914 wakulima zaidi ya 30,000 waliandamana hadi kwa mfalme kudai jeshi liimarishwe, na siku chache baadaye Staaff akajiuzulu. Siku mbili baada ya maandamano ya wakulima, wafanyakazi nao wakaandamana kupinga. Babu yake huyu bibi alikuwa upande huo, na zile krona mbili za mkewe hakuzisamehe.