Nilivyopata atomu za grafiti, na nilivyohakikisha si mvumo wa umeme

Karibu kila anayeingia kazi ya kupiga picha nyuso za vitu kwa kiwango cha atomu huanzia kwenye grafiti, kaboni ya matabaka kama ile ya risasi ya penseli, nami nilianzia hapo. Haipati kutu hewani, haihitaji ombwe, na uso mpya unaupata kwa selotepu tu.

Hadubini yenyewe ni ile ya ncha, waliyoibuni Gerd Binnig na Heinrich Rohrer katika maabara ya IBM karibu na Zürich mwaka 1981. Haina lenzi. Ncha ya chuma husogezwa mpaka ibaki chini ya nanomita 1 (sehemu moja ya bilioni ya mita) kutoka kwenye sampuli, unaweka volti kidogo, na elektroni huvuka mwanya ingawa hakuna kugusana. Mwanya ukiongezeka kwa nanomita 0.1, mkondo hushuka karibu mara 10. Ncha ikipitishwa mstari kwa mstari juu ya sampuli, mabadiliko hayo ndiyo yanayochora picha. Ndiyo maana atomu zinaonekana, na ndiyo maana mlango ukibamizwa chumba cha pili picha inaharibika.

Ncha naikata kwa mkono: waya wa platini na iridi wenye kipenyo cha milimita 0.25. Plaizi ya kukatia iwe kali na imefutwa kwa spiriti. Naibana kwa mshazari wa digrii 45 hivi huku nikiuvuta waya, ili mwishoni uchanike badala ya kubanwa. Baada ya hapo ncha isiguse kitu chochote. Usipoteze muda kuikagua kwa kioo cha kukuzia, maana kinachotakiwa ni atomu moja iliyochomoza kuliko wenzake, na hiyo huioni. Waya wa tungsteni ni mgumu na unachongwa vizuri kwa kemikali, ila hewani unajivika oksidi. Kwa grafiti ya mezani siutumii.

Selotepu nailaza juu ya sampuli, naipapasa kwa kidole, kisha naivuta taratibu kutoka pembeni. Tabaka likitoka zima, utepe unang'aa wote. Vipande vilivyobaki vimesimama naving'oa kwa kibanio, la sivyo ncha itavigonga.

Mtetemo ulinisumbua kuliko vyote. Nilining'iniza bamba la jiwe kwa mipira ya tyubu za baiskeli, na mwanzoni nikadhani uzito ndio dawa. Sivyo. Kinachoamua ni kiasi ambacho mpira umerefuka kwa kubeba mzigo: ukirefuka sentimita 25, bamba linabembea kwa takriban hezi 1 (mara moja kwa sekunde), na mitikisiko ya jengo, ambayo mingi ni ya hezi 10 na zaidi, haifiki juu kwa nguvu. Jiwe zito kwenye mpira mfupi mgumu ni mapambo tu. Na nyaya za hadubini ziachwe zilegee. Waya uliokazwa unaurudisha mtetemo wote uliouzuia.

Naanza na nanoampea 1 na milivolti 50, eneo la nanomita 200, nikitafuta mahali tambarare pasipo na ngazi, yaani kingo za matabaka. Kisha naiacha ncha nusu saa ikitambaa hapohapo, kwa sababu joto la mikono iliyoshika sampuli huifanya sampuli ihame polepole. Ndipo naingia nanomita 5, napunguza kasi ambayo hadubini hurekebisha kimo cha ncha, ili ncha ipite kwa kimo kilekile, na narekodi mkondo.

Hapa ndipo pana mtego. Umeme wa gridi hupiga mara 50 kwa sekunde, na mvumo wake huingia kwenye mkondo unaorekodiwa. Ukichora mstari wa nanomita 5 kwa sekunde 0.4, unachora mawimbi 20 kamili, nayo yanajipanga mstari kwa mstari kama matuta ya shamba. Grafiti nayo ina vilima 20 hivi, yaani atomu zinavyoonekana pichani, katika urefu huohuo! Nilihifadhi picha kadhaa za namna hiyo kabla ya kushtuka.

Siku hizi nachora mstari kwa sekunde 0.1. Mvumo unabaki mawimbi 5, atomu zinabaki 20. Kisha nakata eneo kuwa nanomita 2.5: vilima lazima viwe 10 na viwe vikubwa maradufu. Nazungusha mwelekeo wa kuchora kwa digrii 30. Mpangilio usipozunguka, si sampuli hiyo. Kila kilima kikiwa na pacha wake pembeni, ncha ina vichwa viwili, nami nakata nyingine.

Atomu za tabaka la grafiti zimepangika kama sega la nyuki, lakini usishangae ukilikosa pichani. Nusu ya atomu za juu zimekaa moja kwa moja juu ya atomu za tabaka la chini na huonekana hafifu, kwa hiyo unapata pembetatu zenye umbali wa nanomita 0.246 badala ya 0.142, ambao ndio umbali wa atomu jirani. Huo wa 0.246 ndio ninaoutumia kusahihisha vipimo vya mlalo vya hadubini, baada ya kulinganisha picha iliyochorwa kwenda juu na iliyochorwa kwenda chini. Moja ikivutika na nyingine ikibanwa, sampuli bado inahama, nasubiri. Kwa vipimo vya wima natumia ngazi ya tabaka moja, nanomita 0.335.