Vidonge vya Sonona kwa Mtu Asiye na Sonona

Nilivuta sigara kwa miaka 22, na kwa muda mwingi wa miaka hiyo niliamini kwamba sivuti sana, kwa sababu sikuwa mtu wa kununua pakiti. Katika duka la jirani hapa Ng'ambo, Tabora, sigara huuzwa mojamoja, na kiberiti kimefungwa kwa kamba mlangoni. Mtu hununua moja akienda kazini, moja akirudi, mbili baada ya chakula, na hadi wakati wa kulala amemaliza kumi na nne bila kuzihesabu. Nilizaliwa Urambo, katika nyumba iliyolishwa na tumbaku ya mvuke, na nikiwa mvulana nilikesha na marehemu baba kwenye bani, kibanda cha kukaushia majani ya tumbaku, tukichochea moto ili joto lisishuke. Kwa hiyo harufu ya jani hili niliijua kama harufu ya ada ya shule muda mrefu kabla sijaambiwa kwamba ni ya ugonjwa.

Nilijaribu kuacha mara tatu kwa nguvu zangu mwenyewe, na mara zote tatu arosto ilinirudisha dukani kabla ya siku ya tano. Kikohozi cha asubuhi kilipozidi nilikwenda kumwona daktari, kijana wa umri wa wanafunzi wangu wa zamani, ambaye aliniamkia shikamoo kabla ya kuniuliza swali ambalo sikulitarajia: sigara ya kwanza ya siku naivuta dakika ngapi baada ya kuamka? Nilimjibu kwamba huivuta kabla sijavaa viatu. Akatikisa kichwa, akaandika, kisha akasema kwamba ipo dawa iitwayo bupropioni ambayo ingeweza kunisaidia. "Nikueleze mapema, Mwalimu, usije ukashtuka ukisoma karatasi ya maelezo," aliongeza. "Hii ilianza kama dawa ya sonona."

Nilishtuka vilevile. Nyumbani Mama Kulwa alishtuka zaidi yangu, akaniuliza kama safari itakayofuata ni ya Mirembe, hospitali ya wagonjwa wa akili. Nimeamua kuandika kwa sababu ya swali hilo, maana nimelisikia kwa watu wengine watatu tangu wakati huo, na nadhani linawazuia wavutaji wengi kukubali msaada ambao hauhusiani na uwendawazimu hata kidogo.

Bupropioni iliidhinishwa nchini Marekani mwaka 1985 kwa ajili ya sonona, ikaondolewa sokoni mwaka uliofuata baada ya baadhi ya wagonjwa kupata degedege, kisha ikarudishwa mwaka 1989 kwa kipimo kidogo zaidi. Daktari Linda Ferry, aliyekuwa akiwatibu wanajeshi wastaafu huko Loma Linda, California, alikuwa miongoni mwa wa kwanza kuijaribu kwa wavutaji wa sigara. Mwaka 1997 ulichapishwa utafiti wa wavutaji 615 ambao walichaguliwa kwa makusudi wakiwa hawana sonona: baada ya wiki saba, asilimia 44 ya waliopewa kipimo kikubwa walikuwa wameacha, dhidi ya asilimia 19 ya waliopewa vidonge visivyo na dawa ndani yake. Mwaka huohuo ikaidhinishwa kwa kazi ya kuachisha sigara. Kama dawa ingekuwa inafanya kazi kwa kuondoa huzuni tu, watu wale wasingekuwa na cha kuondolewa.

Nikotini ikifika kwenye ubongo, jambo ambalo huchukua sekunde chache tu baada ya kuvuta, husababisha kumwagika kwa dopamini, kemikali inayompa mtu ile raha fupi ya kutua mzigo. Ukiacha ghafla, dopamini hupungua na mwili hudai. Bupropioni huchelewesha kuondolewa kwa dopamini na kemikali nyingine ya ubongo, noradrenalini, kati ya seli za neva, hivyo dai linapungua ukali; na inaaminika kwamba huziba pia baadhi ya milango ambayo nikotini huitumia, ndiyo maana sigara inayovutwa juu ya dawa hii hupoteza utamu wake.

Hapa lazima nitaje kosa nililokaribia kulifanya. Nilizunguka maduka manne ya dawa mjini bila kuipata, na katika duka moja muuzaji akaninong'oneza kwamba nichukue amitriptilini, kwani "zote ni za sonona, baba, kazi yake ni ileile." Kazi yake si ileile. Fluoksetini, ambayo ni dawa nzuri ya sonona, imejaribiwa kwa wavutaji na haikuonyesha kuwasaidia kuacha. Nortriptilini, ya zamani zaidi, imeonyesha kusaidia. Jina la ugonjwa lililoandikwa kwenye boksi halikuambii lolote kuhusu sigara. Nilimpigia daktari simu, akanikataza, nami nikasubiri wiki tano hadi dada yangu aishiye nje aliponiletea dawa yenyewe kwa cheti.

Nilianza na kidonge kimoja cha miligramu 150 kwa siku tatu, kisha viwili kwa siku, cha kwanza saa moja asubuhi na cha pili saa kumi jioni, huku nikiendelea kuvuta kama kawaida, kwa sababu dawa huhitaji takriban wiki moja kabla ya siku ya kuacha. Mama Kulwa, ambaye hukata kila kidonge kwa kisu ili kisimkwame mtu kooni, alizuiwa nami mara mbili: kidonge hiki hutoa dawa polepole, na ukikivunja unaimeza yote kwa mkupuo. Kinywa kilikauka kama mtu aliyelamba majivu. Usingizi ulikata, nilisahihisha madaftari ya kidato cha pili hadi saa nane za usiku, na sijawahi kuwa mkali hivyo kwenye alama.

Siku ya tisa jioni niliwasha sigara, nikaiweka ukingoni mwa dirisha nimfungulie Doto mlango, tukazungumza habari za shule. Niliporudi ilikuwa imeungua yote mpaka kwenye kichungi, na majivu yake yalikuwa bado yamesimama, marefu, hayajaanguka. Katika miaka 22 sikuwahi kusahau sigara iliyowaka. Kesho yake ndiyo niliyokuwa nimeipanga kuwa siku ya kuacha, nami nikaacha.

Sisemi kwamba ni muujiza. Katika utafiti ule wa 1997, baada ya mwaka mmoja waliobaki bila sigara walikuwa asilimia 23 tu, dhidi ya 12 wa upande wa pili, wengi walirudi. Mimi mwenyewe nilivuta moja msibani mwezi wa tatu. Vareniklini, dawa nyingine ya kuachisha sigara, husaidia watu wengi zaidi, na zote mbili ziliingizwa na Shirika la Afya Duniani kwenye orodha ya dawa muhimu mwaka 2021, ingawa orodha ya Geneva na rafu ya Tabora ni vitu viwili tofauti.

Daktari alinisimamisha dawa baada ya wiki nane, nikabaki na vidonge kumi na vinne. Wiki iliyopita jirani yangu, ambaye huvuta kunizidi, aliniomba nimpe. Nilimuuliza kama amewahi kuanguka kifafa, kwa kuwa mtu mmoja hivi katika elfu anayetumia dawa hii hupata degedege, na mwenye historia hiyo haruhusiwi kabisa. Akasema hapana, kisha akaongeza kwa fahari kwamba siku atakayoanza vidonge ataacha pia wanzuki anayokunywa kila jioni tangu ujana wake, ili amalize yote kwa pamoja. Kuacha pombe ghafla namna hiyo nako huleta degedege. Nilivirudisha vidonge kabatini, nikamwandikia namba ya daktari kwenye kipande cha daftari, na kesho saa tatu tutakwenda wote wawili.