Nilivyowatambua vyura wa matete wa Ahero

Yote yalianza na bango. Klabu ya mazingira shuleni kwetu, hapa Ahero karibu na Kisumu, ilitaka kutundika picha za vyura wa mashamba ya mpunga pamoja na majina yao, na mimi ndiye mwalimu wa bayolojia. Wanafunzi wakaniletea picha za simu: chura wa kijani mwenye madoa meusi, mwingine wa manjano mwenye michirizi, na wa tatu wa kahawia aliyefifia, mwenye mstari mweupe kila ubavu. Wote wadogo, sentimita 3 hivi. "Mwalimu, hizi ni aina tatu," wakasema, na bango likawa tayari limegawanywa sehemu tatu.

Niliposoma nikakuta kuna mnyama mmoja anayeweza kuwa hao wote: Hyperolius viridiflavus, chura wa matete, aliyepewa jina la kisayansi na Wafaransa Duméril na Bibron mwaka 1841. Kinachowatesa wataalamu ni jina la tatu, lile la nususpishi, yaani kundi la eneo fulani ndani ya spishi moja. Chura huyu na jamaa zake wa karibu wameenea sehemu kubwa ya Afrika kusini mwa Sahara, na kila eneo lina mapambo yake ya mgongoni. Kwa hiyo wamepewa majina ya nususpishi zaidi ya 20. Mtafiti mmoja anaita spishi kile ambacho mwenzake anakiita nususpishi. Mwanzoni mwa miaka ya 2000, waliochunguza vinasaba walipendekeza kundi hilo livunjwe liwe spishi kadhaa. Hao wa Nairobi na mashariki ya Kenya, kwa mfano, siku hizi wengi huwaweka chini ya Hyperolius glandicolor.

Maktaba haikutosha, basi. Ilibidi kwenda majini usiku.

Kwanza nilichagua mahali. Dunga, ufukweni mwa Ziwa Victoria, kuna mafunjo mazuri na vyura tele, lakini usiku viboko hutoka ziwani kula nyasi, na sikuwa tayari kumweleza mzazi yeyote jambo hilo. Mifereji ya mpunga inatosha, mradi umevaa gambuti na unamulika mbele kabla ya kukanyaga, kwa sababu nyoka nao hufuata vyura. Saa mbili usiku, baada ya mvua, ndiyo saa yenyewe. Dawa ya mbu usijipake mikononi kama utamshika chura. Ngozi yake hunyonya kila kitu. Lowesha mikono kwa maji ya hapo hapo, mshike kidogo, mrudishe.

Mbinu iliyonifaa ni kufuata sauti badala ya rangi. Dume hulia mlio mmoja mfupi na mkali, na wakilia wengi ni kama watu wanaogonganisha chupa tupu za soda. Nilirekodi kwa simu, kisha nikamsogelea anayelia, mmoja mmoja, huku nimezima tochi mpaka nifike. Ukiwasha, unamkuta ameng'ang'ania jani la tete, koo limefura kuliko kichwa, na halipunguzi upepo hata ukiwa karibu kiasi cha kuona mboni. Mboni ya jicho lake imelala. Ndani ya mapaja na kwenye vidole ana wekundu ambao akikaa huuoni kabisa.

Basi nikawakuta madume wawili kwenye tete moja, wakijibizana kwa mlio ule ule. Mmoja wa kijani mwenye madoa, mwingine wa kahawia mwenye mistari. Wote wawili walikuwa na mboni iliyolala na mapaja mekundu. Hatua chache mbele, jike la kijani lilikuwa limebeba dume la kahawia mgongoni, wakielekea kutaga. Wanafunzi walinyamaza, kisha mmoja akasema, "Kumbe bango letu lina mume na mke kwenye sehemu tofauti!"

Maelezo yake yapo. Arne Schiøtz, mtaalamu wa Denmark, aliziita hali hizo mbili za rangi J (juvenile, mchanga) na F (female, jike). Kila chura mchanga huanza na J, ile ya kahawia. Jike akikomaa hugeuka F na kupata rangi za eneo lake. Dume anaweza kugeuka au kubaki J maisha yake yote. Ndiyo maana chura wa kahawia wa Ahero hawezi kukusaidia kujua nususpishi; sare hiyo huvaliwa na wenzake wa mbali pia. Wanaoweza kukuonyesha nususpishi ni majike waliokomaa, tena wengi, kwa kuwa nususpishi ni habari ya kundi zima la mahali fulani, si ya chura mmoja aliyetokea vizuri kwenye picha. Kwa maoni yangu, wanaobandika jina la tatu kwa picha moja wanabahatisha tu.

Baadaye tulifika msitu wa Kakamega, na huko ugomvi wa rangi ukapungua. Kuna vyura wa miti wa jenasi ya Leptopelis, wenye macho makubwa na mboni iliyosimama wima. Ukishaiona huwezi kuwachanganya na wa matete. Leptopelis mackayi alitambulishwa kwa sayansi kutoka msitu huo mwaka 2006 tu.

Bango sasa lina picha nyingi chini ya jina moja, Hyperolius viridiflavus, pamoja na eneo na mwezi wa kila picha. Natafuta za kulinganisha kutoka Nakuru na Naivasha. Ukipiga, nipe mgongo, ubavu, mboni na ndani ya paja, na rekodi ya mlio kama simu yako ina chaji.