Nataka kumwita mwanangu Almasi

Jumapili, usiku

Leo nimeshinda Wete kwa shangazi, tumekaa jamvini tunachambua karafuu. Mwanangu ana siku tatu. Nilikwenda kumwambia jina kabla hajalisikia kwa watu: Almasi, jina la babu yake yeye shangazi, baba wa babu yangu.

Mkono wake ukasimama juu ya makonyo, vile vijiti vya karafuu.

"Hilo jina la kitumwa, mwanangu. Kwa nini umrejeshee mtoto?"

Nilijua atasema hivyo. Nyumbani kwetu tukihesabu ukoo tunafika kwa babu halafu tunanyamaza. Baba wa babu aliletwa Pemba mtoto mdogo kutoka bara, akakulia chini ya mikarafuu isiyokuwa yake. Amri ya kufuta utumwa Unguja na Pemba ilipotoka mwaka 1897 alikuwa kijana. Jina alilopewa na mama yake hatunalo. Hilo ndilo linaloniuma kuliko yote, na kamusi zote nilizonazo haziwezi kunirudishia.

Almasi alipewa na bwana wake. Ndivyo ilivyokuwa desturi, pwani kwetu na kote ng'ambo ya bahari: mtumwa hupewa jina la kitu cha thamani au chenye harufu nzuri. Feruzi, Yakuti, Marjani, Ambari, Kafuri. Jina zuri, lakini ni jina la kitu, na kitu kina mwenyewe. Basi shangazi ana haki ya kuchukia, na watu wengi waliopata uhuru waliyaacha majina yale wakachukua mengine.

Ila mimi siku hizi tatu sijalala vizuri, nimekuwa nikiyafuata maneno haya yalikotoka.

Feruzi, lile jiwe la rangi ya buluu ya bahari, ni Kiajemi, na asili yake ni neno la ushindi. Anayeitwa Feruzi anaitwa mshindi. Huko Bengal Mhabeshi mmoja aliyekuwa mtumwa alitawala kama sultani kuanzia 1487, na jina lake la enzi lilikuwa na Firuz ndani yake.

Yakuti ndiyo iliyonikalisha zaidi. Waarabu wanasema yaqut, na neno limetokana na hyakinthos la Kiyunani, ambalo lilikuwa ua, likawa pia jiwe, na katika hadithi za kale za Wayunani lilikuwa jina la kijana. Ua, jiwe, mtu, vyote katika neno moja. Kisha kuna Yaqut al-Hamawi, mtoto wa Kiyunani aliyetekwa akauzwa Baghdad kwa mfanyabiashara. Huyu, aliyepewa jina la jiwe kama babu yetu, aliandika kamusi kubwa ya miji na nchi, na humo ameitaja Unguja na Tumbatu. Alifariki 1229. Niliposoma hapo nilifunga kitabu nikatoka nje kidogo.

Almasi nayo ni ya Kiyunani: adamas. Ile "a" ya mwanzo ni ya kukanusha, na kilichobaki kinatokana na kitenzi cha kufuga, kile kinachotumika kwa mnyama anayetiwa hatamu mpaka akatii. Adamas ni kisichofugika. Kwanza waliita hivyo chuma kigumu kupita vyote, baadaye ndiyo likahamia kwenye jiwe, likapita ndimi kadhaa mpaka likafika kwa Waarabu, na kwao likaja kwetu.

Yule bwana hakuyajua haya, nadhani. Alimtazama mtoto aliyemnunua akamwita kisichofugika, kisha akampeleka shambani kumfuga.

Nilimweleza shangazi yote haya polepole, karafuu zikiendelea kupita vidoleni. Nikamwambia vilevile kwamba leo Lulu, Johari na Waridi ni majina ya mabinti wa watu wote, hakuna anayeuliza. Hilo halikumgusa. Alisema mabinti hao hawakuchapwa kwa majina yao.

Sikuwa na jawabu. Tulichambua kimya mpaka pishi ikajaa.

Halafu akaniambia jambo ambalo sijawahi kulisikia: kwamba babu yake, baada ya uhuru, aliambiwa na imamu abadili jina, akakataa. Alisema amelifanyia kazi jina hilo, sasa ni lake. Shangazi alikuwa mtoto alipohadithiwa na mamake, naye hakupata kumwambia mtu.

"Hebu lile neno la Wayunani, lisema tena."

"Adamas."

"Adamasi," alisema, akakung'uta konyo kwenye kanga.

Akika, shughuli ya kumpa mtoto jina, ni Jumatano. Amesema atakuja na udi wake mwenyewe, tusinunue wa dukani.